Shahidi wa Vita Aliyekuwa Ananyonya

Vijana wangu wa ofisi ya kumbukumbu, siku ya kuniaga mlinipa saa ya mezani, zawadi ya ajabu kidogo kwa mtu ambaye hana tena mahali pa kuwahi. Nikawashukuru. Halafu mmoja wenu akaniomba niandike jinsi kazi hii ya kukusanya habari za askari ilivyoanza huku kwetu Mbozi, kwa sababu, alisema, "Mzee, ukifa tutamuuliza nani?" Swali zuri, ingawa lingeweza kusubiri nimalize chai. Sasa nimekaa barazani, kahawa yangu inataka palizi, na mke wangu ananitazama kama mtu aliyetumaini kwamba mstaafu hushika jembe. Basi niandike upesi kabla hajasema neno.

Mshahara na vyeo sitavitaja. Mshahara ulikuwa mdogo na vyeo havikuwepo.

Nilianza nikiwa nimetoka shule ya misheni, najua Kiswahili cha kitabuni, Kiingereza cha kuombea ruhusa, na kuendesha baisikeli. Meja mmoja wa Kiingereza aliyestaafu jeshini alikuwa na shamba la kahawa juu ya kijiji chetu. Kahawa yake ilikuwa mbaya kuliko zote Mbozi, maana hakuijali hata kidogo. Alikuwa anaandika kitabu. Zamani alifundisha historia ya vita katika shule ya maofisa huko kwao, na shule ile ilimwomba aandike kitabu cha kufundishia maofisa vijana, wale wanaoletwa kuongoza askari wa Kiafrika. Alisema vijana hao hufundishwa milima, mito na bunduki, lakini hawafundishwi mtu. Hawajui kwamba askari ana mama, ana shamba, na ana tumbo. Kwa hiyo habari za vita vya Mjerumani na Mwingereza vilivyopita kwetu alitaka azipate kwa waliovipigana na waliobeba mizigo. Majenerali, alisema, wameshajiandikia vya kutosha.

Watu walimwita Bwana Lini. Kila akikaa na mzee, swali lake la kwanza lilikuwa "Lini?" Mzee akijibu, "Mwaka wa nzige," yeye anauliza, "Nzige wa lini?" Mzee anafikiri, anasema, "Wale waliokula mahindi ya marehemu mjomba." Bwana Lini anaandika mjomba, anampigia mstari, na kesho yake ananituma nikaulize mjomba alifariki lini. Nimewahi kwenda Itumba na kurudi, milima yote ile, nikisukuma baisikeli kuliko nilivyoipanda, kwa ajili ya kifo cha mjomba mmoja. Nilipofika nikaambiwa alikufa mwaka wa nzige.

Siku ya kwanza alinionyesha vyombo vya kazi. Mashine ya chapa ambayo herufi zake ziligoma asubuhi za baridi mpaka uiweke karibu na jiko. Daftari zenye jalada gumu. Sanduku la bati la kuhifadhia karatasi, kwa sababu mchwa wa Mbozi husoma kuliko wanafunzi wa misheni. Penseli za kuandikia shambani, maana wino humwagika, na mzee akiona wino umemwagika husema ni dalili, akanyamaza. Ninyi leo mna makabati ya chuma na mnalalamika kwamba funguo ni ngumu. Haya.

Lakini aliyenifundisha kazi hasa hakuwa Meja. Alikuwa mzee mmoja tuliyemwita Ombasha, kwa sababu hicho ndicho kilikuwa cheo chake katika jeshi la Mjerumani, naye hakukubali kukiacha hata baada ya Mjerumani mwenyewe kuondoka. Meja alimwajiri kama kiongozi wa njia. Katika vita walikuwa maadui, tena waliwahi kupigana katika bonde moja, mmoja upande huu na mwingine upande ule. Kila asubuhi juu ya kikombe cha chai walibishana ni nani aliyekimbia.

"Sisi tulirudi nyuma kwa mpango," Meja anasema.

"Ndiyo, Bwana," Ombasha anajibu. "Niliuona mpango. Ulikuwa unakimbia bila kofia."

Siku za mwanzo Ombasha alinitazama ninavyowahoji wazee, akatikisa kichwa mpaka nikaionea huruma shingo yake. Tulipokuwa tunarudi akaniambia, "Kalamu" (ndilo jina alilonipa), "unamuuliza mtu vita ilikuwaje. Yeye atajuaje? Alikuwa mwisho wa mstari, anatazama visigino vya mwenzake. Muulize alibeba nini. Muulize alikula nini. Muulize viatu. Mwaka mtu husahau, lakini shingo haisahau mzigo."

Vijana, kama mtachukua neno moja katika maandishi haya, chukueni hilo. Nilipoanza kuuliza mizigo, wazee walifunguka. Mmoja aliniambia alibeba bafu la ofisa, la bati, miezi mizima, na hakumwona yule ofisa akioga hata siku moja. Mwingine aliwabebea Wajerumani masanduku. Waingereza walipofika, akabeba masanduku yale yale, akarudi nayo njia ile ile. Bendera tu ndiyo iliyobadilika. Huko Tunduma niliwakuta ndugu wa tumbo moja, mkubwa alibeba upande wa Kusini, wa Mwingereza, kwa sababu alikuwa amekwenda kutazama shamba la shemeji, mdogo alibeba upande wetu kwa sababu alikuwa amebaki nyumbani. Mpaka uliwakuta hivyo hivyo, na vita ikawakuta hivyo hivyo.

Sasa nifike kwenye habari ya Silwimba, ambayo ninyi huniuliza kila mwaka na mimi huwajibu kwamba nina kazi nyingi.

Meja alikuwa amefika sura ya wapagazi, naye aliiona kuwa ndiyo moyo wa kitabu. Alikuwa na shajara za maofisa wawili zilizotaja msafara uliotoka Ivuna na mizigo ya chumvi ya jeshi, ukapandisha milima, na wapagazi wengi hawakufika. Shajara zilisema "shida za njiani." Meja alitaka kujua shida hizo zilikuwa nini, na hakuna mpagazi wa msafara ule tuliyempata akiwa hai. Ndipo tukasikia kwamba Tunduma, njia ya Mpemba, kuna Mnamwanga aitwaye Silwimba anayesimulia safari ile hatua kwa hatua. Meja alikuwa kitandani na homa. Akanituma peke yangu.

Nilimkuta Silwimba nyumbani kwake, pamoja na bibi mmoja mfupi, mkavu, jina lake Namonje. Nikauliza mizigo kama nilivyofundishwa. Silwimba akaanza, na sijawahi kupata ushahidi kama ule, kabla wala baadaye. Alisema walitoka Ivuna wakiwa na chumvi kichwani, kila mtu mzigo wake. Ofisa kijana aliyewaongoza alitazama ramani, akaona ni safari ya siku nne. Akasema, "Chumvi itangulie, unga utafuata." Unga ukafuata kweli, lakini kwa njia nyingine. Siku ya sita walikuwa wanakula mizizi. Siku ya nane waliilamba chumvi waliyoibeba, kwa sababu ndicho kitu pekee chenye ladha ya chakula, na kiu ikawaua haraka kuliko njaa. Kutupa mzigo ilikuwa viboko. Kwa hiyo watu walianguka na chumvi ya kutosha kijiji kizima, na unga hakuna hata wa kufunika kiganja.

Kila alipokosea neno, Namonje alimkosoa. "Si mti wa mkuyu, ulikuwa mti mwingine." Naye anakubali, anaendelea. Mimi naandika tu, mkono unaniuma, moyo pia.

Nilirudi Mbozi, nikaupiga chapa ushahidi wote kwa Kiswahili, nikampelekea Meja. Alikaa kitandani na blanketi mabegani, akaanza kuutafsiri kwa Kiingereza kadiri anavyosoma, jambo alilolifanya tu akipenda sana. Ukurasa wa kwanza, wa pili, wa tatu. "Kalamu," alisema, "hii ndiyo sura yenyewe. Ofisa kijana akisoma hii, hatasahau unga maisha yake." Nikasimama pale nikijipongeza. Akafika ukurasa wa nne. Akarudi nyuma mistari michache, akasoma tena.

"Kalamu, shahidi huyu anasema hapa kwamba alikufa."

"Ndiyo, Bwana."

"Chini ya mti, siku ya tisa. Wenzake wakamfunika kwa matawi."

"Ndiyo, Bwana. Hawakuwa na nguvu ya kuchimba."

"Na ukurasa wa tano anasimulia nani?"

"Yeye mwenyewe, Bwana."

Mniamini, vijana, mpaka dakika ile sikuona kasoro yoyote. Kwetu Unyiha, na kwa Wanamwanga pia, mtu akifa ukoo humchagua ndugu wa kulichukua jina lake. Anakalishwa kwenye kiti cha marehemu, anapewa fimbo yake na maji ya kunywa, na tangu hapo yeye ndiye marehemu. Watoto wa marehemu humwita baba hata kama wamemzidi umri. Alichoahidi marehemu, yeye anadaiwa. Na anapozungumza mambo ya marehemu hasemi "yeye alifanya," anasema "mimi nilifanya." Mimi nilikua nikiwasikia watu wakisimulia vifo vyao wakati wa chakula, tena wakiomba waongezewe mboga. Nani angenikumbusha kumweleza Mzungu kitu ambacho hata watoto wanakijua?

Meja aliuliza swali lake. Huyu Silwimba ana umri gani? Nikahesabu kwa vidole, nikajibu kwamba wakati wa vita, kwa kweli, alikuwa bado ananyonya.

Hakufoka. Afadhali angefoka. Alichukua kalamu ya wino mwekundu, akakata ushahidi wote, kurasa tano, mstari kutoka pembe mpaka pembe. Akaniambia kwa upole kwamba maofisa vijana ni watu wa kutafuta kisingizio. Mmoja wao akigundua kwamba shahidi mkuu wa sura ile alikuwa mgongoni mwa mama yake, watacheka, na wakishacheka hawataamini hata neno moja la wale wengine mia waliosema kweli. Alikuwa amesema haki. Na mimi niliyempelekea ushahidi ule nilitamani ardhi ipasuke nitumbukie, mashine ya chapa ikinifuata.

Ombasha alipopata habari alicheka mpaka akakohoa. Kisha akaacha kucheka. "Kalamu, ulimwahidi yule bibi kwamba ataandikwa?"

Nilikuwa nimemwahidi. Namonje alikuwa mjane wa Silwimba wa kwanza, yule wa matawi. Wakati naondoka Tunduma alinishika mkono, akaniambia kwamba mume wake hana kaburi, hana nishani, hana karatasi, na jeshi halikumtumia hata mtu wa kusema pole, kwa sababu mpagazi hakuwa na namba. Akataka jambo moja tu: Silwimba aingie katika kitabu, aseme kwa kinywa chake. Nikamjibu, "Ataingia, bibi," kwa ujasiri wa mtu asiyekuwa na kitabu.

Homa ya Meja ilipopungua nilimwomba aende akamsikie mwenyewe kabla ya kufunga sura ile. Alikubali, nadhani kwa kunihurumia. Tukaenda Tunduma kwa gari lake, ambalo Ombasha na mimi tulilisukuma kila kilima mpaka nikauona wema wa baisikeli.

Namonje alitupokea vizuri, akatuletea viti. Mtoto wake wa kwanza, mwanamume mwenye mvi, akapita kutoka shambani, akapiga goti mbele ya Silwimba, yule kijana asiye hata na ndevu za kutosha, akamwambia, "Shikamoo, baba." Meja alimtazama huyu, akamtazama yule, akavuta kiko chake ambacho hakikuwa na moto.

Sasa, Meja alikuwa na mtego wake, nami nawapa ninyi bure. Kila shahidi alimuuliza kitu kidogo ambacho mtu wa mahali pale asingeweza kukiona. Alisema shahidi wa uongo huwa ameona kila kitu. Basi akamuuliza Silwimba, "Ofisa wenu alipanda nyumbu. Nyumbu huyo alikuwa wa rangi gani?"

Silwimba akamtazama Namonje. Namonje hakumsaidia.

"Sijui, Bwana," akasema. "Nilikuwa mwisho wa mstari. Sikumwona nyumbu. Niliona mavi yake tu."

Ombasha akageuka ukutani, mabega yakitikisika. Shajara ya mmoja wa wale maofisa ilisema wazi kwamba wapagazi wa Unamwanga waliwekwa mwisho wa msafara. Hilo Meja alilijua, na mimi nililijua, na hakuna mtu mwingine Tunduma nzima aliyeijua shajara ile.

Ndipo Meja akamgeukia Namonje, nami nikawatafsiria. Akamweleza kwamba anaamini kila neno. Lakini wanaosoma kitabu ni Waingereza, na kwao aliyekufa hasimulii. Je, wangekubaliana aandike kwamba habari hii Silwimba huyu aliisikia kwa mpagazi mmoja aliyerudi, ambaye naye sasa ni marehemu? Ndiyo kweli ilivyokuwa. Mpagazi huyo aliisimulia msibani, ukoo ukaishika, na kijana alipopewa jina alipewa na safari yake yote.

Namonje alisikiliza mpaka mwisho. Akasema taratibu, "Ukiandika kwamba amesikia, umeandika kwamba Silwimba hana mtu. Bwana, watu wengi wamekufa. Asiye na mrithi ndiye aliyepotea. Mimi mume wangu nilimpokea kwa mikono yangu, nikampa maji. Sasa wewe uende ukamwache tena chini ya mti?"

Sikujua kama nitafsiri sentensi ile ya mwisho. Nikaitafsiri. Meja akavua kofia, kitu asichokifanya juani kwa kuogopa homa, akasema, "Mama, nipe siku tatu. Nitafikiri."

Homa ilimrudia tukiwa njiani. Siku ya pili mkojo wake ukawa mweusi, na hapo hata Ombasha, aliyekuwa na dawa ya kila kitu, akakaa chini tu. Siku ya tatu asubuhi Meja alifariki. Nililia, sioni haya kusema. Alikuwa mtu wa maudhi mengi, lakini hakuna mtu kabla yake aliyewahi kuniuliza babu yangu alibeba nini.

Tulimzika shambani, katika kahawa yake mbaya. Baada ya wiki kadhaa ikaja barua kutoka kwa dada yake Uingereza, akiniomba nipige chapa nakala safi ya kitabu kizima kama kaka yake alivyokiacha, niitume kwenye shule ya maofisa wanaokisubiri. Kama alivyokiacha. Nilizitoa kurasa kwenye sanduku la bati, nikafika kwa Silwimba, na pale palikuwa na ule mstari mwekundu, pembe mpaka pembe.

Siku hiyo nilipiga chapa sura nyingine zote. Ile nikaiweka kando. Siku iliyofuata nikaiweka kando tena. Meja alinifundisha kutoingiza neno ambalo shahidi hakuliona, na kalamu nyekundu ilikuwa ya kwake. Upande wa pili kulikuwa na bibi niliyemwambia "ataingia." Nilikuwa nimebanwa kama mahindi kwenye kinu.

Wakati huo ndipo watu wa Tunduma walipokuja kutoa pole. Walikuja kwa miguu mpaka nyumbani kwa Meja, wazee sita, Silwimba na Namonje, na kuku wawili na unga. Walikaa, wakalia kama inavyopasa, wakala. Kisha Namonje akauliza nani amelichukua jina la marehemu.

Nikamwambia Wazungu hawafanyi hivyo. Hakuna aliyelichukua.

Wakatazamana. Nadhani hawakuwahi kusikia jambo la huzuni kama lile. Mtu mzima, mwenye shamba na gari, ameachwa hivyo. Wakaongea wao kwa wao kwa Kinamwanga, upesi mno kwangu. Ombasha alijua kinachokuja kabla yangu, akaingia ndani akatoka na kiti cha Meja. "Kaa, Kalamu," akasema.

"Ombasha, mimi si ndugu yake."

"Mimi nilikuwa adui yake miaka minne, na nimekibeba kiti. Wewe umeshindwa kukikalia?"

Nikakaa. Nilidhani ni heshima tu ya wageni na kwamba baada ya dakika tano nitainuka. Wakanipa fimbo yake ya kutembelea, na Namonje mwenyewe akaninywesha maji kwa kikombe cha bati cha marehemu. Wazee wakapiga makofi ya polepole, wakanisalimu mmoja mmoja: "Bwana Lini." Hata Ombasha, kwa uso mkavu kabisa, "Bwana Lini. Kofia yako umeipata?"

Nikacheka, wakacheka. Namonje hakucheka. Alikuja akakaa chini mbele ya kiti, akaninyooshea shingo kama mtu aliyekuja barazani kufuatilia shauri.

"Bwana Lini," akasema, "ulikuja kwangu, ukaniambia utafikiri. Umefikiri?"

Nilifungua mdomo nikaona nasema neno la kila karani. "Bibi, nipe siku tatu."

"Siku tatu ulishaziomba," akasema. "Nikakupa. Zimekwisha."

Nilimtazama Ombasha aniokoe. Alikuwa anaangalia kahawa. Na hapo, vijana, sijui niwaelezeje mpate kuniamini, niliacha kufikiri kama karani anayeogopa kosa lake. Nilifikiri kama mtu aliyevua kofia juani kule Tunduma. Nilijua amekwenda nyumbani akifikiria nini. Nilikuwa nyuma ya gari, nikilisukuma, na nilimsikia akisema peke yake kwa Kiingereza, "Mavi ya nyumbu," halafu akicheka kidogo.

"Nimefikiri," nikasema. "Anaingia. Kwa kinywa chake."

Namonje akasema, "Haya," akainuka, akaenda kusaidia kuosha vyombo.

Kurasa tatu zilikuwa tayari kwa Kiingereza cha Meja. Ya nne na ya tano nilizitafsiri mimi, kwa Kiingereza changu cha kuombea ruhusa, na kama kuna makosa yako huko. Chini yake nikaongeza maelezo ya mistari minane kuhusu desturi ya jina, ili msomaji ajue kwamba shahidi ni marehemu na kwamba kwetu hilo halimfungi mdomo. Nikaandika: "Mimi nimemhoji shahidi huyu mara mbili, nikamtega, na nimeridhika kwamba alikuwepo." Nikatia saini kama ilivyotiwa katika sura nyingine zote. Jina la Meja, kwa mkono wangu. Mnaweza kusema nilighushi. Nimestaafu, hamwezi kunifukuza.

Kitabu kilipotoka walinitumia nakala moja. Silwimba yumo, kurasa zote tano. Kwenye jalada kuna jina la Meja, na langu halimo popote. Sikulalamika, nilimwambia mke wangu kwamba lipo, akaniambia niache maringo nikalete kuni.

Miaka ikapita, ikaja vita ya pili, ile ya Hitla. Serikali ikaniazima kuwa karani wa kuandikisha askari katika kambi moja karibu na Mpemba. Ofisa wetu alikuwa kijana mrefu, mwekundu, ametoka shule juzi, Kiswahili chake kimevunjika miguu yote miwili. Malori yalifika asubuhi kuchukua watu kwenda kaskazini, lakini unga wao ulikuwa haujafika. Sajini akasema twende, unga utafuata. Kijana yule akamwambia hapana. Hakuna lori litakaloondoka mpaka unga upakiwe, auone kwa macho. Sajini akanung'unika, malori yakakaa juani, na mimi nikaendelea kuandikisha, kichwa nimekiinamisha ili mtu asinione uso.

Mstari ukasogea. Aliyefuata akaniamkia kwa kicheko, nami nikamjua kabla hajasema. Ofisa alikuwa amesimama nyuma ya kiti changu, akinisikiliza nikiuliza maswali ya fomu.

"Umewahi kutumika jeshini?"

"Ndiyo. Mpagazi wa chumvi, kutoka Ivuna."

"Kwa nini uliacha?"

"Nilikufa."

Ofisa akainama juu ya bega langu. "Jina?" akauliza mwenyewe, kwa Kiswahili chake.

"Silwimba, afande."

Akamtazama kijana yule, ngozi laini, meno yote, umri wa miaka ishirini na kitu. Akanitazama mimi. Mimi nilikuwa nachonga penseli. Akamgeukia tena.

"Wewe," akasema polepole, akitafuta maneno, "wewe nilikusoma. Wewe ulikufa njiani."

"Ndiyo, afande," Silwimba akamjibu kwa adabu. "Kwa njaa."

Ofisa akamwita sajini, akamwambia aongeze magunia mengine mawili.